Pembe za Kiema

Wana wa Moshi, chama cha waendesha pikipiki, walikuwa na desturi yao: mwenzao akifa, pikipiki yake inafunguliwa, kila mmoja anafunga kipande kwenye yake, marehemu azidi kusafiri. Kwa hiyo walipomzika Kiema, Nzula mkewe hakubakiziwa hata taa.

Pembe zilimwangukia Kitavi, mdogo wake Nzula. Ndivyo walivyouita ule usukani uliopanda hadi mabegani, kazi ya Muchiri, fundi na mkubwa wao pale Dagoretti Corner.

Nzula alishona viti vya pikipiki hizo kwenye kibanda kando ya gereji, na jicho lake lilizoea kutafuta uzi ulioachia. Jumapili ya msafara wa kwenda tao, katikati ya jiji, aliona kwenye pembe ya kushoto, palipochomelewa, ufa mwembamba kama unywele, umepakwa rangi nyeusi. Watu walisema Kiema aliuawa na lori. Lakini mchoma mahindi aliyeona ajali alisema lori lilikuwa upande wake. Kiema ndiye aliyelifuata.

"Muchiri, hii imepasuka."

"Ni mkwaruzo, mama. Wewe shona viti." Hakuinua uso.

Akamwendea Kitavi, akamwonyesha ufa.

"Sista, wacha hizo. Nikibeba watu naitwa 'wewe, simama', askari ananizaba kofi mbele ya kastoma. Nikipita tao na hii, hata wenye suti wanageuka. Unataka nirudi kuvaa rifleksa ya bodaboda?"

"Nataka urudi nyumbani, basi."

"Kiema atanilinda."

"Kiema mwenyewe alilindwa na nani?"

Kitavi akacheka, akawafuata wenzake kunywa chai kabla ya safari.

Nzula akachukua msumeno wa chuma. Hakusumbuka sana. Pembe ilimwachia mkononi kama muwa uliooza, na ndani kulikuwa na kutu ya zamani kuliko kaburi la Kiema.

Waliporudi, Muchiri aliitazama ile kutu, akatazama barabarani.

"Huyu mwanamke amemuua Kiema mara ya pili," akawaambia.

Hakuna aliyeinama kuangalia. Walimvua Kitavi jaketi la chama palepale kwa kosa la Nzula, naye alilia kama mtoto, akimtukana dada yake kwa Kikamba ili wengine wasielewe.

Siku hizi Kitavi hubeba abiria wa kwenda Waithaka. Akipita kibandani huangalia mbele. Nzula hamwiti. Husimamisha cherehani, akausikiliza mlio wa injini mpaka upotee, ndipo anapokanyaga tena.