Jumatatu za Akaki

Getaneh alikuwa anamwekea kasi mwanamke mwingine. Asnaku aligundua hilo Jumanne asubuhi, zikiwa zimebaki siku kumi na mbili kabla ya mchujo, na aliligundua kwenye soli za viatu.

Viatu vilikuwa vimeanikwa dirishani kwa Getaneh. Kwenye mifereji ya soli kulikuwa na vumbi jeupe na vijiwe vidogo vyenye ncha. Udongo wa msitu wa Entoto, mlimani wanakofanyia mazoezi siku nyingine, ni mweusi, hunata pamoja na majani ya mikaratusi. Vumbi jeupe ni la Akaki, kule chini kwenye joto, na timu huenda Akaki Ijumaa tu. Viatu hivi vilifuliwa Jumamosi, na aliyevifua ni Asnaku mwenyewe. Jumatatu ni siku ya kupumzika. Getaneh alisema alilala.

Walikuwa wapenzi, posa ikingoja Pasaka ipite, na walipanga vyumba kwenye ua mmoja huko Kotebe, Getaneh upande huu, Asnaku na mwenzake wa timu, Hirut, upande ule. Asnaku alisimama mlangoni kwa Getaneh, viatu mkononi.

"Hivi jana vilikwenda wapi?"

"Vililala. Kama mimi."

"Vililala Akaki?"

Getaneh alikuwa anakoroga unga wa shayiri kwenye chupa ya maji. Mkono ukasimama, kisha ukaendelea. "Asnaku, tutachelewa basi."

"Ni Simret?"

"Simret gani?"

"Yule anayelipa wanaume wamvute mbioni. Hirut kasema yuko Akaki kila siku."

"Hirut angekimbia kama anavyoongea angekuwa bingwa wa dunia."

Mama Felekech, mwenye nyumba, alikuwa bombani anaosha mboga. "Mjibu mtoto wa watu, wewe!" alisema. "Hapa kwangu si ukumbi wa vichekesho."

"Hakuna mwanamke," alisema Getaneh.

"Basi kuna nini?"

Getaneh akafunga kifuniko cha chupa na kutoka nje.

Kumwekea mtu kasi si jambo dogo kwa wakimbiaji. Mwaka mmoja na nusu Getaneh alikuwa amekimbia mbele ya Asnaku, saa mkononi, akikata upepo, na kazi ya Asnaku ilikuwa kuweka mguu pale ambapo mguu wa Getaneh umetoka. Getaneh alianza kumvuta hivyo alipoumia kano ya kisigino na mbio zake mwenyewe zikafa. Tangu hapo Asnaku alikuwa amepunguza dakika nne kwenye nusu marathoni, mbio za kilomita ishirini na moja. Wanawake watatu wa kwanza kwenye mchujo wangekwenda kukimbia Uturuki, na wanaume watatu vilevile. Asnaku alikuwa na umri wa miaka ishirini na moja na hakuwa na mpango wa kuwa wa nne.

Lakini Jumanne mbili zilizopita mazoezi ya kasi yalikuwa yameharibika. Siku hiyo yakaharibika tena. Kila kilomita ilichelewa sekunde tatu. Asnaku alikuwa ameshaanza kudhani miguu yake imekwisha. Sasa alijua. Miguu iliyochoka ilikuwa ile ya mbele yake, na kuna mtu alikuwa ameitumia jana yake.

Asnaku hakuwa mtu wa kunong'ona. Jumatano, basi la timu likiwa limejaa na dereva ameshawasha, alisimama katikati ya viti.

"Kocha, nipe mtu mwingine. Getaneh anamvuta mwanamke Akaki kwa siri."

Kocha Shiferaw aligeuka. "Kweli, Getaneh?"

"Simvuti mtu."

"Jumatatu ulikuwa Akaki?"

"Nilikuwa."

"Na nani?"

Getaneh alitazama vidole vyake. Basi zima lilimngoja.

"Shuka," alisema Kocha. Alitoa karatasi mfukoni, akafuta jina, akamwambia dereva aondoe gari. Asnaku alidhani ni orodha ya basi.

Jumatatu iliyofuata alikwenda Akaki kuwafumania. Alikaa nje ya kibanda cha chai kando ya barabara ya changarawe, shela imefunika nusu ya uso, na maneno ya kumwambia Simret ameyapanga tangu nyumbani. Alimwona Getaneh akija kwa mbali. Mbele yake hapakuwa na mtu. Nyuma yake hapakuwa na mtu. Alikuwa anakimbia kwa nguvu zote, mdomo wazi, peke yake kabisa.

Jambo hilo Asnaku hakuliwaza hata mara moja, na hakuna mtu kwenye timu ambaye angeliwaza. Kwao, kukimbia peke yako ni kwa wazee wenye sukari waliotumwa na daktari. Mkimbiaji hukimbia na wenzake, anakaa mbele kwa zamu, anampokea mwenzake upepo. Anayejificha kufanya mazoezi magumu huhesabiwa kama mtu anayekula chakula cha nyumba nzima akiwa amefunga mlango. Ni afadhali kusingiziwa mwanamke.

Asnaku akaingia barabarani. Getaneh alisimama, akazima saa.

"Mwanamke yuko wapi?" aliuliza Asnaku.

"Huyu hapa. Kaniharibia raundi ya nane."

"Usinichekeshe, Getaneh."

"Sikuchekeshi. Kano imepona tangu Krismasi. Nataka kukimbia mbio zangu. Nilimwomba Kocha aniandike mchujo wa wanaume, nikamwambia wewe nitakueleza mwenyewe. Ndilo jina alilolifuta Jumatano."

Asnaku aliivuta shela ikamtoka usoni. "Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekwambia ungesemaje?"

"Ningesema nenda kakimbie."

"Mwongo."

Asnaku alifikiri. "Ningesema subiri mchujo upite."

"Halafu ungekuja mchujo mwingine."

"Sawa. Lakini Jumanne tatu umenivuta na miguu iliyokufa! Nimelia usiku mpaka Hirut akaamka kunisihi nipunguze kelele. Ungesema, Kocha angenipa mtu mwenye miguu mizima. Umeniibia."

"Nimekuibia. Na wewe umenitangaza kwenye basi kama mwizi wa kuku."

"Nimekutangaza."

Lori la saruji likapita, likawapaka vumbi wote wawili. Walikohoa pamoja.

"Bado unanitaka?" aliuliza Getaneh.

"Nakutaka. Nina hasira na wewe na nakutaka. Kunywa maji, twende nyumbani."

Kesho yake Asnaku alisimama tena katikati ya basi, na safari hii Getaneh alikuwa amesimama chini, mlangoni.

"Kocha, nilikosea. Hapakuwa na mwanamke. Rudisha jina lake."

"Alikuwa na nani?"

"Peke yake."

"Peke yake?" mtu alipiga kelele kutoka nyuma. "Ana sukari?" Basi likaangua kicheko. Asnaku alisubiri wamalize, kisha akasema tena, "Rudisha jina lake."

Kocha hakucheka. "Amekula nguvu za wenzake. Leo atawaongoza wanaume kilomita ishirini na tano, mbele mwanzo mpaka mwisho, hakuna wa kumpokea. Akifika akiwa mbele, jina linarudi."

Zilikuwa zimebaki siku tano. Kila mtu alijua kilomita zile zingemfanya nini.

"Nipe mimi nusu yake," alisema Asnaku.

"Wewe una mbio Jumapili."

"Na yeye?"

"Yeye alikwenda Akaki. Kaa chini."

Getaneh akapanda, akaketi kiti cha mbele, akaanza kufunga kamba za viatu. "Twende, Kocha," alisema. "Jua linapanda."

Aliongoza kilomita zote ishirini na tano. Wenzake hawakumwonea huruma. Walimsukuma kwa nyuma mpaka mwisho, na alifika mbele yao kwa hatua mbili, akatapika kwenye majani. Asnaku siku hiyo alivutwa na Tilahun, mwanamume wa miaka thelathini na nne mwenye hatua fupi, na nyakati zake zote zilitoka sawasawa.

Jumapili Asnaku alishika nafasi ya pili. Alisimama ukingoni na medali shingoni kungoja wanaume. Getaneh alikuwa na kundi la mbele mpaka kilomita ya kumi na nane, kisha miguu ikakataa. Alimaliza wa tano.

"Usiseme pole," Getaneh alimwambia Asnaku.

"Sisemi. Ulikimbia vizuri mpaka kumi na nane."

"Mwakani nitafika ishirini na moja."

"Utafika. Nitakuwa hapahapa nakupigia kelele."

Gharama ya Jumatatu zile ilikuwa hii. Getaneh alikosa Uturuki kwa sekunde kumi na moja. Asnaku alipoteza Jumanne tatu, na alimpoteza mweka kasi ambaye hatua zake alizijua kuliko zake mwenyewe, kwa sababu tangu wiki ile Getaneh hukimbia na wanaume. Hirut, aliyelaumiwa kwa umbea wa Simret, alihama ua na hasalimii. Wazee watatu waliokuwa waende Debre Birhan kumposa Asnaku kwa baba yake baada ya Pasaka waliambiwa wasiende. Getaneh alikataa kuposa akiwa wa tano. Asnaku alibishana naye siku mbili na akashindwa. Posa ikasogezwa mpaka baada ya mchujo wa mwakani. Huo ni mwaka mmoja.