Nyumba ya Mama Ndani ya Mashine

Runinga ilionyesha masanduku ishirini na tisa ya kijivu, yamepangwa safu kwa safu, wala hakuna hata moja lililokuwa na jina. Fundi aliisogeza miwani puani, akahesabu tena. Ishirini na tisa. Gemu zote zilikuwepo. Ila mashine ilikuwa imesahau zinaitwaje.

"Umeme ulikatika kwangu, Dada," alisema Kitinda, mdogo wake, akiwa bado amesimama mlangoni. "Nilipowasha tena nikakuta hivyo. Futa tu kila kitu, tuanze upya."

"Kufuta ni dawa ya mvivu. Mtu akiumwa jino hakatwi kichwa."

Kitinda alicheka kidogo, kisha akaanza kuchezea zipu ya mkoba wake. Kwa kawaida angejibu utani kwa utani, maana mdomo wake haukuwahi kukosa la kusema tangu azaliwe. Siku hiyo zipu ilipanda na kushuka tu.

Fundi alikuwa fundi wa vyerehani. Majirani walikuwa wamemwita hivyo miaka mingi hata jina lake halisi likabaki kwenye kitambulisho. Karakana yake ilikuwa sebule ya mbele ya nyumba walimolelewa wote wawili: meza ndefu, vyerehani vinane vilivyofunguliwa matumbo, makopo ya bobini, na harufu ya mafuta ya mashine iliyokwisha kuingia ukutani. Kwenye kona, chini ya runinga, ilikaa mashine nyeusi ya gemu aliyoinunua ikiwa imeshatumika, akaichokonoa kwa mkono wake mwenyewe mpaka ikakubali kusoma gemu yoyote iliyowekwa kwenye diski ya nje, bila kuomba ruhusa kwa walioiunda. Wengine huita kuchakachua. Yeye aliita kuifungua macho. Wateja walipomcheka kwamba mwanamke wa miaka arobaini na tatu anacheza gemu, aliwajibu kuwa kuna wanaochezea maisha ya watu na hawachekwi.

Katika zile ishirini na tisa, alikuwa na haja na moja tu, ile ya shamba.

Waliianza mwaka ambao Mama hakuweza tena kusimama. Kitanda chake kilihamishiwa hapo sebuleni, akawa anawatazama mabinti zake wakilima, wakichimba visima na kufuga mbuzi kwenye runinga. Mwanzoni aliwasuta kwamba hawajawahi kushika jembe la kweli. Kisha siku moja akanyoosha mkono, akasema apewe padi, kile kidude cha vitufe cha kuchezea. Kwa mchana wa siku tatu, kwa vidole vilivyovimba kwenye kila kiungo, alijenga nyumba ya mawe. Ilikuwa nyumba kombo kupita kiasi: dirisha moja juu karibu na paa, jingine chini karibu na ardhi, na paa lenyewe limezidi upande mmoja kama kofia ya mlevi. Kitinda alipotaka kumrekebishia, Mama aliusukuma kando mkono wake. "Mkinisaidia itakuwa yenu," alisema.

Wiki tano baadaye Mama hakuwepo.

Tangu hapo wakawekeana sharti. Mashine ingekaa mwezi mmoja kwa Fundi na mwezi mmoja kwenye nyumba aliyopanga Kitinda, na kila mmoja angecheza apendacho. Lakini shamba lisingefunguliwa mpaka wawe wameketi wote wawili, na nyumba ya Mama isingeguswa. Sharti hilo halikuandikwa popote, na mwaka huo lilikuwa linatimiza miaka sita. Walipokutana, Fundi alilima na Kitinda alizurura. Kitinda ndiye aliyependa kuingia ndani ya ile nyumba, akawasha taa, akazunguka, akatoka. Fundi hakuingia. Aliitazama kwa mbali, akiwa na jembe mkononi, na kujua kwamba ipo kulimtosha.

Siku za karibuni walikuwa hawakutani sana. Kitinda alikuwa amepata mchumba, mpima ardhi, kijana mpole aliyemsalimu hata paka wa karakana. Mara ya mwisho dada hao wawili kulifungua shamba ilikuwa miezi minane iliyopita.

Fundi alichomeka waya kutoka kwenye kompyuta ndogo hadi nyuma ya mashine, akaingia kwenye mafaili ya ndani kabisa, kule ambako mashine isiyofunguliwa haimruhusu mtu kufika.

"Kilichoharibika ni hifadhidata," alisema, kwa sauti ile aliyoitumia kuwaeleza wateja. "Ni daftari tu. Mchwa wakila daftari la maktaba, vitabu bado viko kwenye rafu. Nalitoa hili bovu, naiamuru mashine ipite rafu kwa rafu iandike jingine. Basi."

Zipu ilisimama. "Na pale tulipofikia? Kwenye shamba?"

"Hayo yanawekwa chumba kingine kabisa. Hayajaguswa."

Ndipo Kitinda alipokaa. Alikaa kwenye kiti cha wateja, mkoba mapajani, magoti yamebanwa.

Fundi alikuwa na desturi moja asiyoivunja: hatupi kifaa kibovu kabla ya cherehani kushona. Kwa hiyo kabla ya kulifuta faili bovu alilinakili pembeni, na pamoja nalo akanakili kumbukumbu za mashine, mahali inapojiandikia yenyewe imewashwa lini na imezimwaje. Akazipitia kwa macho, bila shaka yoyote moyoni, kama mtu anavyokagua uzi kabla ya kuupitisha kwenye sindano.

Jumapili, saa nane na dakika tatu mchana: imezimika ghafla. Saa nane na dakika saba: imezimika ghafla. Saa nane na dakika kumi. Saa nane na dakika kumi na nne.

Alizisoma mara mbili. Umeme wa mji ule ukikatika hukatika kisawasawa, watu wakapika na kula na kulala gizani. Haukatiki mara nne ndani ya dakika kumi na moja. Na kila mara ulikuwa umekatika wakati mashine inaandika, yaani wakati taa yake ya rangi ya chungwa inapepesa.

Taa ya chungwa. Ni yeye mwenyewe aliyemfundisha Kitinda habari za taa hiyo, siku ya kwanza kabisa ya kumkabidhi mashine. Alimwambia: ikipepesa, mashine inaongea na nafsi yake, usichomoe waya, utaikata kauli na itasahau kila kitu. Kitinda alicheka sana siku hiyo. Kumbe somo lilimwingia.

Fundi alilifuta faili bovu, akazima mashine, akabonyeza kitufe na kukishikilia; mlio wa kwanza, kisha wa pili, akaachia. Kwenye orodha iliyotokea alichagua kujenga upya hifadhidata. Mstari mwembamba wa buluu ukaanza kutambaa kwenye kioo.

"Bado una nafasi ya kuniambia," alisema.

"Kukuambia nini, Dada?"

"Haya."

Waswahili husema njia ya mwongo ni fupi. Hii ilikuwa na urefu wa mstari wa buluu, na mstari ulichukua dakika ishirini na mbili. Mteja mmoja aliingia kuulizia cherehani chake, akaambiwa kesho, akawatazama wawili hao, akaondoka bila kubishana. Kisha majina yakaanza kurudi, moja baada ya jingine, masanduku ya kijivu yakijaa rangi. La shamba lilikuwa la kumi na saba.

Mashine iliuliza wachezaji ni wangapi. Fundi alichagua wawili, kama kawaida, akamrushia mdogo wake padi ya pili. Kwanza yalikuja majina ya waliowahi kucheza, na muda aliocheza kila mmoja. Fundi. Kitinda. Mama, saa sita na dakika arobaini. Na chini ya Mama, jina la nne: Mpima, saa mia moja na kumi na mbili.

Kisha shamba likafunguka.

Lilikuwa limependeza, haikufaa kukataa. Mashamba yalinyooka, miti imepandwa kwa vipimo, na kutoka kisimani hadi barabarani ulipita mfereji wa maji, umenyooka kama rula, wenye maua pande zote mbili. Ulipita palepale. Fundi aliuzunguka mfereji mara moja, akauzunguka tena, akitafuta hata jiwe moja.

"Iko wapi?"

Kitinda alitazama sakafu. "Ilikuwa kwenye njia ya maji."

"Sikuulizi ilikuwa kwenye njia ya nini."

"Tulianza kwa mchezo tu, Dada. Nilitaka kumwonyesha. Akapenda, akaanza kupima, unamjua hawezi kuona uwanja asiupime. Akasema mfereji ukipinda maji hayatafika. Akaniuliza, hili je, tuliondoe?"

"Ulimwambia ni nyumba ya nani?"

Nje mtu alipita akipiga mluzi. Kitinda alisubiri mluzi uishe.

"Nilimwambia ni banda la zamani."

Fundi alirudia neno hilo polepole. "Banda."

"Tulikuwa tumejuana wiki tatu. Alikuwa anacheka lile paa. Nikaona haya." Sauti ya Kitinda ilikuwa imeshuka mpaka chini kabisa. "Nikacheka naye."

Asiyekujua hakuthamini, na Fundi hakuwa na kinyongo na yule kijana. Alikuta banda kombo, akaliondoa, akachimba mfereji mzuri. Lakini huyu aliyekaa mbele yake alilala miguuni pa Mama siku zile tatu. Alimshikia padi alipochoka. Aliyajua mawe yale moja moja, na alipoulizwa aliyakana ili asichekwe na mtu wa wiki tatu. Fundi alitaka kupiga kelele, akakuta kelele zenyewe hazipo, pamebaki baridi tu kifuani, na aibu, kana kwamba yeye ndiye aliyetenda.

"Na Jumapili?"

Kitinda hakujifanya kutoelewa. "Niliona mwezi wako unakaribia. Nilidhani orodha ikiharibika, na shamba linapotea. Nilitaka uilaumu mashine. Mashine ukiichukia haidhuriki."

"Nami ningelia."

"Ndiyo."

"Nawe ungenishika bega, unipe pole."

Zipu ya mkoba wa Kitinda ilianza tena kupanda na kushuka.

"Ungenipa pole, Kitinda. Ungekaa hapo hapo ulipo ukanipa pole." Hapo ndipo machozi yalipomtoka Fundi. Kumpoteza Mama mara ya pili kulimuuma, lakini pole ile ambayo haikuwahi kutolewa ilimchoma zaidi. Angeipokea kwa moyo wake wote. Angeegemea bega hilo, akashukuru kwamba walau amebakiwa na mdogo wake.

"Dada, nisamehe."

Fundi alijifuta uso kwa kile kitambaa cha kufutia mafuta, akajipaka weusi shavuni bila kujua. Akatoka kwenye shamba, akarudi mwanzo. Mashine iliuliza tena wachezaji ni wangapi, na safari hii akachagua mmoja. Mikononi mwa Kitinda, taa ndogo ya padi ilizimika.

Aliingia shambani peke yake kwa mara ya kwanza katika maisha yake. Alianza kuufukia mfereji, koleo kwa koleo, na maua yakaenda pamoja na udongo. Kisha akafuata mawe kilimani, akayabeba, akarudi, akayafuata tena. Nyuma yake alisikia Kitinda akipumua, na kiti cha wateja kikilia kidogo. Alingoja asikie mlango. Hakuusikia.

Alipanga msingi. Alipandisha ukuta wa kwanza, akaacha nafasi ya mlango upande wa barabara, mahali mlango wa mtu mwenye akili hukaa, akaanza wa pili.

"Mlango haukuwa barabarani," Kitinda alisema.

Mikono ya Fundi ilisimama juu ya padi.

"Ulikuwa upande wa kisima. Nilimuuliza kwa nini ameuweka nyuma, akasema hataki wapita njia wamchungulie akila."

Sauti ilikuwa ya Kitinda, maneno yalikuwa ya Mama, sawasawa na alivyoyatamka, na Fundi hakuwahi kuyasikia. Huenda siku hiyo alikuwa mezani ameinamia cherehani cha mtu. Alijaribu kuikumbuka nyumba, akaiona kama alivyokuwa akiiona miaka yote sita, kwa mbali, upande mmoja, paa na dirisha la juu. Nyuma yake hakukuwa na kitu. Hakuwahi kuizunguka hata mara moja.

Alianza kuyaondoa mawe ya upande wa barabara, moja baada ya jingine, akayabeba akazunguka nayo hadi kisimani. Akayaweka chini.

"Dirisha la chini," aliuliza, bila kugeuza kichwa, "lilikuwa kushoto au kulia?"