Mgomba wa Hatua Arobaini na Sita

Jumanne, saa mbili asubuhi, Yusra alimfunga baba yake, Mzee Sufiani, maiki kwenye kola ya shati, akasogeza kiti chake karibu na mlango. Jani la mgomba lilikuwa linaingia kwenye picha. Akalifunga kwa kamba.

Mgomba ule ulikuwa umebakiza hatua moja kufika kizingitini. Ulianzia makaburini mwaka 1979, hatua arobaini na sita kutoka hapo kizingitini. Kila mwaka shina kuukuu hufa, na chipukizi hutoka hatua moja mbele, upande wa nyumba ya Mzee Sufiani. Mara tatu aliung'oa. Mara ya nne alimwaga mafuta ya taa shimoni. Baadaye aliacha, na kuku wakazoea kulala chini yake.

Habari hiyo inajulikana kijiji kizima. Mwaka 1978 kijiji kilitakiwa kutoa vijana wa mgambo waende kwenye vita vya Kagera, na jina la Sufiani likatoka. Baba yake alikuwa balozi wa nyumba kumi. Alimficha mwanawe kwenye mashamba ya mkonge Mazinde, akampeleka Hiza, mtoto wa jirani mjane, kwa jina la Sufiani. Kijijini akatangaza kuwa Hiza ametoroka vita.

Vita vilipokwisha ikaja barua kwamba Sufiani amefia Uganda. Siku hiyo Sufiani alikuwa jikoni anakula bada, ugali wa muhogo. Wazee wakasema barua imeleta msiba, lazima kitu kizikwe. Wakazika shina la mgomba, kama inavyofanyika mtu akifia mbali na maiti yake isipatikane. Shehe aliuliza amwombee nani. Kisha akarudi nyumbani bila kuomba dua.

Tangu hapo kila Julai jina la Sufiani husomwa pamoja na mashujaa waliokufa. Mwenyewe huwa amekaa viti vya mbele. Mama yake Hiza, Bibi Swaumu, anaitwa mama wa mtoro, na wanaomwita hivyo ndio wanaojua. Bibi anataka kitu kimoja kabla hajafa: Sufiani aseme kwa mdomo wake, jina la Hiza liandikwe. Asubuhi hiyo alikuwa amekaa nje ya ua, juu ya kinu kilichopinduliwa, anasubiri.

Yusra alikuwa ameshawarekodi wazee kumi na mmoja wa Handeni kwa ajili ya filamu yake ya vita. Baba yake alikuwa wa mwisho. Akawasha kamera.

"Baba, nani alikwenda vitani kwa jina lako?"

Mzee Sufiani aliitazama taa nyekundu.

"Karani alikosea majina."

"Baba."

"Nimejibu. Zima, tunywe chai."

Akazima. Mzee akanywa nusu kikombe, akaangalia miguu yake.

"Hiza alikuja Mazinde kuniaga. Nikampa viatu vyangu, vikambana. Akanicheka. Akasema, 'Nikirudi nakupa viatu vyako, unanipa jina langu.'" Akaweka kikombe chini. "Alikuwa mtu wa utani sana yule."

Kisha akagusa kola.

"Hiki bado kinasikia?"

"Kinasikia."

Kamba ya lile jani ilifunguka, jani likamwangukia begani. Hakulisogeza.

"Hata niliyosema sasa hivi?"

"Yote, baba."

"Mimi nina miaka sitini na saba. Wakijua, watanisema miaka michache, nitakufa. Wewe je? Wanao watakuwa wajukuu wa nani?"

"Watu wanajua tayari."

"Wanajua. Hawajaambiwa."

Akaifungua maiki, akamwekea Yusra mkononi. Hakuomba kitu.

Yusra akatoka nje ya ua.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Kasema?"

Maiki ilikuwa bado mkononi.

"Amesema karani alikosea majina."

"Hilo la karani nalijua. Nauliza kama kasema."

"Ni hilo tu, bibi."

Bibi Swaumu aliinuka kwenye kinu. Akashika fimbo yake, akaenda zake.

Mchana Yusra alikaa chumbani akasikiliza mara mbili zile dakika nne ambazo maiki ilinasa kamera ikiwa imezimwa. Zilikuwa zinasikika vizuri, mpaka mlio wa kikombe. Akazifuta.

Filamu ilionyeshwa Korogwe mwezi uliofuata. Watu walipiga makofi. Wengine walisifu picha ya mzee na mgomba wake.

Yusra alipokwenda kumwonyesha baba yake, alikuta mgomba haujaingia ndani. Shina la zamani lilikuwa limeanguka, na chipukizi jipya limetoka upande wa pili, upande wa barabara ya Korogwe. Mzee Sufiani alikuwa anafagia mlangoni. Alionekana kama mtu aliyelala vizuri usiku. Bibi Swaumu naye alikuwapo, anapima udongo kwa fimbo.

"Wewe siku hizi unakaa wapi?" akauliza.

"Korogwe ya Zamani, bibi."

Bibi akaitazama barabara, kisha chipukizi.

"Ni mbali," akasema. "Lakini wewe bado kijana."