Yai la Mti

Ijumaa Kuu, siku ambayo kijijini kwao hata sindano haishikwi, Budimir alijifungia bandani akachonga yai. Naam, yai! Mwanamume mzima na masharubu yake, kakaa juu ya ndoo na kisu mkononi, anachonga yai la mti. Alipomaliza alilichovya kwenye rangi ya maganda ya vitunguu, likatoka jekundu kama mayai mengine yote ya Pasaka.

Ni hofu iliyomfikisha huko. Pasaka iliyopita binti yake Senka, mwenye miaka sita, aligonganisha mayai na Relja, mtoto wa Tihomir, mchezo wa Pasaka ambao yai likipasuka umeshindwa. Yai la Senka likapasuka, na kabla watu hawajacheka, Senka keshamng'ata Relja sikio. Sasa huyo Tihomir ndiye baba wa ubatizo wa Senka, na kwao undugu wa ubatizo ni mzito kuliko wa damu. Ndugu wa tumbo moja unaweza kumnunia, lakini somo wako wa ubatizo, thubutu! Hata hivyo siku ile Tihomir alimbeba mwanawe, akasema mlangoni: "Mwakani tutakuja, kwa heshima ya ubatizo. Akimgusa tena mwanangu, mimi na wewe basi."

Budimir alimpenda Tihomir kupita kiasi. Bila yeye angebaki na nani wa kugombana naye?

Mwalimu wa chekechea alikuwa amempa ushauri Jagoda, mama yake Senka: kukasirika si kosa, kosa ni kupiga na kung'ata. Basi nyumbani ikawekwa kanuni. Hasira ikikupanda, iseme kwa sauti, toka, nenda ukapampu bomba la uani mpaka yaje maji ya baridi, loweka mikono, ndipo urudi. Bomba lenyewe ni la zamani. Maji yake huanza vuguvugu, na ya baridi hukawia.

"Mtoto anang'ata watu, dawa yake maji?" Budimir alicheka.

"Cheka tu," alisema mama yake, Bibi Stanija. "Mtoto wa nyoka ni nyoka. Nani alilipiga trekta teke mpaka akavunjika kidole?"

Budimir hakuliamini bomba, akaliamini yai lake. Asubuhi ya Pasaka alimwita Senka pembeni. "Shika hili. Ndilo yai bora kuliko yote, hata nyundo hailiwezi. Usimwambie mtu."

Senka aliligonga kwenye meno, kama wafanyavyo wote kusikiliza ugumu wake. "Baba, mbona linalia kama mwiko?"

"Nyamaza, tia mfukoni."

Wageni wakafika. "Kristo kafufuka!" "Kweli kafufuka!" Wakakumbatiana, wakaketi penye nyama ya mwanakondoo na bakuli la mayai. Relja alikaa na kofia ya sufu imevutwa hadi chini ya masikio, na joto lote lile.

Watoto walipoanza kugonganisha, Budimir alitafuna kwa raha zake. Ko! Yai la Senka likapasuka.

Budimir akaacha kutafuna. Mti gani huo unaopasuka?

Senka aliiva uso, ngumi zikakunjika. Tihomir aliweka uma chini. Relja akaishika kofia yake kwa mikono miwili.

"Nina hasira!" Senka alipiga kelele. "Nina hasira mpaka kwenye vidole!" Akatoka mbio. Huko uani bomba likaanza kulia, kwii, kwii, na mezani hakuna aliyethubutu hata kumeza. Mwishowe alirudi mikono ya gauni ikichuruzika maji, akaketi, akalimenya yai lake lililopasuka, akalila kwa chumvi.

Relja akavua kofia. "Somo!" Tihomir aliangua kicheko. "Huyu kakua kuliko wewe!"

Budimir alijisikia mwepesi, akajimiminia rakija, pombe yao kali ya matunda. Ikaja zamu ya wakubwa. Relja alimpa baba yake yai kutoka mfukoni mwake, na Tihomir akaanza kufyeka. Alivunja la Jagoda, akavunja la Bibi Stanija. Akavunja la Budimir, kisha lile la kanga ambalo Budimir alilificha kwa sababu ganda lake ni gumu.

"Lete jingine, somo," alisema Tihomir. "Au kuku wako wanataga karatasi?"

Shingo ya Budimir ilivimba. Akasahau mwalimu, akasahau ubatizo, akapiga meza hadi bakuli likaruka. "Mwizi wewe! Unakuja kwangu na yai la uongo!"

"Mwizi nani?" Tihomir naye akasimama. "Rudia!"

Relja akaanza kulia. Budimir alilipokonya yai, akaligonga kwenye meno. Likalia kama mwiko. Aliligeuza chini juu, akaiona alama pale kisu kilipomteleza.

"Mimi ndiye niliyempa Relja," alisema Senka. "Kwa ajili ya sikio. Baba alisema ndilo bora kuliko yote."

"Baba alisema?" Tihomir akamgeukia Budimir polepole.

Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole. Budimir aliona aibu kali, na aibu haikukaa, iligeuka hasira palepale, nayo ikatafuta pa kuangukia. Mkono wake ulipanda. Ndipo alipomwona Senka amefumba macho na kuinua mabega, kama mtu aliyezoea.

Mkono ukabaki juu. Moyo ulimuuma, akatamani ardhi immeze.

"Nina hasira," alisema, sauti ikimkatika. "Na aibu pia."

"Bomba liko pale," akasema Bibi Stanija.

Akatoka, akapampu kama mtu anayezima moto. Senka alimfuata, akaweka kidole kwenye maji. "Bado, baba. Endelea."

Mara Tihomir akatokea, amekunja mikono ya shati. "Sogeeni, na mimi hasira imenipanda."

"Foleni," Senka alimwambia. "Wageni nyuma."

Tihomir alicheka bila kupenda, kisha akaushika mpini. "Niachie, somo. Utapampuje huku unaloweka?" Akawa yeye anayepampu, kwii, kwii, akinung'unika kuhusu watu wazima wanaochonga mayai Ijumaa Kuu.

"Sasa yamekuja," alisema Senka. Akauchukua mkono wa baba yake, uleule uliopanda, akauweka ndani ya maji.