Meli Inayopanda Barafu

Himid alikuwa anahama Dubai moja kwa moja, anarudi Unguja, na mimi sikutaka aondoke akiamini kwamba meli ya kuvunja barafu huikata barafu kwa ncha kali kama kisu.

Najua mtu atasema, barafu gani tena, na nyinyi mnakaa Al Nahda, kiyoyozi kikizimika kidogo tu mnapepeana kwa mifuniko ya sufuria. Lakini ubishi huu ulikuwa wa miaka mingi. Himid alikuwa nahodha wa tagi, zile meli ndogo zenye nguvu zinazovuta meli kubwa bandarini. Mimi nilikuwa mtunza stoo kwenye karakana ya kutengeneza meli. Niliwapa wenzangu bolti, rangi na kamba, wao wakaenda majini, mimi nikabaki na rafu zangu. Ninachokijua kuhusu meli nimekijua kwa kusoma. Kiingereza nilijifunza darasa la jioni, nikiwa mtu mzima mwenye watoto, na kitabu cha kwanza nilichokimaliza kwa lugha hiyo kilikuwa cha meli za mwanzo za barafu. Sioni haya kusema hivyo. Himid ndiye aliyekuwa akinionea haya.

"Bahari yako ya karatasi, Shafik," alikuwa akiniambia mbele za watu, "haina chumvi."

Nami nilikuwa nikimweleza kwa utulivu. Watu wa kaskazini ya Urusi walijenga vyombo vya mbao vyenye matumbo ya mviringo, ili barafu ikivibana ivinyanyue badala ya kuviponda. Kisha mwaka 1864 mfanyabiashara mmoja wa Kronstadt, bandari iliyo karibu na Petersburg, alichukua stima yake ndogo iitwayo Pilot, akaikata omo, yaani ile sehemu ya mbele, akailaza. Stima ikawa inapanda juu ya barafu na kuivunja kwa uzito wake. Miaka michache baadaye bandari ya Hamburg iliganda, na Wajerumani wakaiga umbo lile lile. Halafu ikaja Yermak, meli kubwa ya chuma, iliyojengwa Newcastle kule Uingereza kwa fikra za admirali wa Kirusi, Makarov. Hiyo ilipelekwa hadi kwenye barafu nene ya kaskazini kabisa, na mara ya kwanza mambo hayakwenda vizuri. Propela yake ya mbele ilipata taabu mpaka ikaondolewa. Sehemu hiyo naipenda sana. Watu walikosea, wakarudi karakanani, wakatengeneza upya.

Himid alisikiliza yote hayo kwa miaka, kisha akajibu jibu lake lile lile. Yeye ameendesha chuma maji yote ya Ghuba. Maji ni laini, na bado yanataka omo kali ili yapasuke. Barafu ni ngumu, itatakaje omo iliyolala?

Ni hoja nzuri, sikatai. Ndiyo maana niliona maneno hayatoshi.

Nikajenga meli mbili za bati, kila moja urefu wa mkono wangu, wazi juu kama hori. Moja niliipa omo kali iliyosimama wima, nikaiita ya Himid. Ya pili niliipa omo iliyolala kama ya Pilot. Mwanangu Mahfudh anauza samaki wa barafu na ana ghala la baridi Al Quoz. Msimamizi wa ghala ni Mkenya mmoja, Boaz, kijana mpole mwenye subira. Nilimwomba anigandishie beseni kubwa la maji, si mpaka chini, juu tu, utando mgumu wenye maji chini yake. Boaz hakuniuliza kwa nini. Alisema tu, "Sawa mzee, lakini usiambie wateja."

Alhamisi alasiri akalileta nyumbani kwa gari la samaki, limefunikwa kwa magunia na makasha ya kuzuia joto. Nilikuwa nimemwalika Himid pamoja na majirani wachache wa kumuaga. Beseni likawekwa katikati ya sebule, nikashika kamba ya kuivutia meli, nikafungua kinywa.

Mke wangu Saleha akanikatiza. "Shemeji hajanywa hata kahawa," alisema, "na wewe unataka kumwonesha mabeseni."

Huwezi kumbishia Saleha jambo la mgeni. Ikaletwa halwa, ikaletwa kahawa, vikombe vikazunguka. Jirani mmoja alichelewa, akaamkiwa upya na kila mtu, kila mtu akaulizwa hali ya wanawe na ya wakwe zake. Himid akaombwa aeleze nyumba yake ya Mbweni kule Unguja imefikia wapi, akaeleza kutoka msingi mpaka vigae. Mimi nilikuwa nasikia maji yakidondoka ndani ya magunia. Nilipomtazama Saleha, akanisogezea sahani ya halwa.

Mwisho nikafunua. Barafu ilikuwa bado ipo, lakini nyembamba kama karatasi ya sambusa. Nikaivuta meli yangu, ikapita moja kwa moja mpaka upande wa pili. Majirani wakapiga makofi. Nikaivuta na ya Himid, nayo ikapita vile vile.

"Hata kijiko changu kingepita," Himid akasema, na sebule nzima ikacheka, Saleha akiwa wa kwanza.

Ndege yake ilikuwa Jumamosi. Nilingoja kicheko kiishe, nikamwambia kesho baada ya sala ya Ijumaa tutakwenda Al Quoz, tutaifanya huko huko kwenye baridi, na hakutakuwa na halwa.

Akasema inshallah kwa ile sauti ya mtu asiyetaka kwenda. Lakini nilipomfuata na teksi alikuwa amekwisha kuvaa viatu.

Boaz alitupa makoti mazito ya kazini. Tukayavaa juu ya kanzu, kofia zetu chini ya zile za makoti, tukawa kama magunia mawili yaliyosimamishwa. Ndani ya ghala pumzi zetu zilionekana. Himid alifurahi kuziona, akawa anapuliza makusudi. Beseni lilikuwa limegandishwa upya, barafu yake unene wa ukingo wa sahani ya udongo, na upande mmoja Boaz alikuwa ameivunja ili meli ipate pa kuelea.

Nikaanza na ya Himid ili asije akasema nimempunja. Nikavuta. Ncha kali ikachimba barafu kidogo, ikakwama. Nikavuta kwa nguvu zaidi, ikazama ncha na kulalia ubavu. Himid akaomba ajaribu mwenyewe. Akavuta kwa ustadi wa miaka yake yote, kwa mkono wa kuume, kisha wa kushoto, haikusogea. Akanirudishia kamba. Nikaona moyo wangu umetulia.

Nikaiweka yangu. Nikavuta taratibu. Omo ikagusa barafu, ikainuka, ikapanda, nusu ya meli ikawa juu kama mbuzi anayepanda kibaraza. Nikangoja mlio wa kuvunjika.

Haukuja. Meli ilikaa pale juu, imetulia, haina habari.

"Bwana," Himid akasema, "hii umejenga ya kupanda milima."

Boaz aligeuka ukutani, mabega yakimtikisika. Baridi ilikuwa imeniingia miguuni. Nilifikiri nitavuta tena, nikajua itapanda tena na kukaa tena. Nilikuwa tayari kumwambia khalas, twende zetu.

Himid ndiye aliyepiga magoti kwanza. Alisogeza uso karibu na beseni kama alivyokuwa akiichungulia kamba ya meli kubwa. Kisha akaniuliza ndani ya tumbo la meli mna nini. Nikamwambia hamna kitu. Akasema basi hapo ndipo kosa lilipo. Tagi lake lilikuwa na matangi ya maji mbele na nyuma. Wakitaka omo ishuke, wanajaza la mbele. Nikakumbuka hapo hapo kwamba Yermak nayo ilikuwa na matangi ya namna hiyo ya kuhamisha maji. Nilikuwa nimeyasoma zaidi ya mara moja, nikayaona ni mambo madogo ya fundi.

Maji ya beseni sikutaka yapungue, na mengine yote ya humo yalikuwa yameganda kama mawe. Boaz akasema, "Mzee, samaki haiwezi saidia?" Akafungua sanduku la vibua vilivyoganda. Himid akachukua kibua kimoja, akakilaza ndani ya omo kwa uangalifu kama anayelaza mtoto. Kimya. Akaweka cha pili. Meli ikainama kidogo. Akaweka cha tatu, na barafu ikalia, mlio mkavu, ufa ukakimbia mpaka ukingoni, meli ikashuka na maji yakapanda juu ya vipande.

Nikaivuta mbele, ikapanda tena, ikakaa, ikavunja. Ikapanda, ikavunja. Himid akaniomba kamba, nikampa. Aliifikisha mpaka mwisho wa beseni, akaigeuza, akaanza kumalizia kona zilizobaki.

"Haya," akasema bila kunitazama. "Inapanda. Umeshinda."

"Kwa tangi lako," nikamwambia.

Tulipotoka nje, jua lilitupiga kama mlango wa tanuri. Niliketi kwenye sanduku tupu nikivua koti, huku Himid amemshika Boaz mkono, anamweleza. Meli haiikati barafu, mwanangu, akasema, inaipanda na kuilalia, na uzito ndio unaofanya kazi. Watu wa Kronstadt waliligundua hilo tangu zamani. Aliyasema kama mtu aliyekuwepo. Nilimwacha aendelee. Nilimkatiza mara moja tu, aliposema Yermak ilijengwa Ujerumani.

"Newcastle," nikasema.

"Newcastle," akamwambia Boaz, na akaendelea.