Amri ya Majani Makavu

Katika milki ya vipepeo cheo kilipimwa kwa rangi. Mfalme Zari, mwenye mbawa za dhahabu, alikaa juu kabisa, akiamini hata jua huchomoza kuja kumtazama.

Mlangoni, penye upepo, alikaa Bi Jani. Akifunga mbawa, yeye ni jani kavu tu, na vijishipa vyake na kidoa cha ukungu. Ndege walikula mawaziri wanono, yeye wakampita. Lakini siku moja alizifungua: buluu tupu, na mkanda wa rangi ya chungwa! Baraza zima likageuza shingo.

Mfalme hakulala.

"Nimekuchukulia nini, Mtukufu?" Bi Jani aliuliza alipoitwa.

"Macho ya watu. Na ndege hawakuli! Vyote viwili vyako, mimi nibaki na nini?"

"Ubaki na kiti, baba."

Waziri Kiwavi, ambaye hajawahi kufunga mdomo wala kushiba, akapendekeza amri: kila jani kavu litakaloonekana ikulu, sisimizi walifagilie shimoni.

"Likisema ni raia?" aliuliza mkuu wa sisimizi.

"Likisema," Mfalme akajibu, "ndilo hasa."

Bi Jani akahamia nje ya ua usiku uleule. Basi wivu ungekwisha hapo, kama wivu ungekuwa na mwisho. Mfalme akaagiza yeye mwenyewe apakwe tope mbawa zote, afanane na jani kavu, kidoa cha ukungu kisisahaulike.

Asubuhi ndege akatua, akamtazama, akaondoka.

"Umeona, Kiwavi? Hakunila!" Mfalme alicheka mpaka tope likamkaukia. Alipotaka kufungua mbawa, hazikufunguka.

Sisimizi wakaja kwa zamu yao ya kufagia.

"Niacheni! Mimi ni Mfalme!"

"Hili linasema," mmoja akanong'ona.

"Tena linajikweza. Shika huko, ndugu yangu."

Kiwavi aliyaona yote. Alikuwa anatafuna.

Jioni alikuwa nje ya ua, ameinama mbele ya Bi Jani. "Mama, rangi zako nilizipenda tangu zamani. Kiti ki wazi."

"Ifute kwanza ile amri."

Kiwavi akajikuna. "Amri, mama? Si tuiache kidogo? Huenda ikakufaa."

Bi Jani akafunga mbawa. Kiwavi akabaki anabembeleza tawi, hajui tena lipi ni jani na lipi ni malkia.