Mbawakawa wa Bernardo

Pale kijijini Ziwani watu walimpenda Bernardo, ila hawakumwamini. Alikuwa amekimbia vita ng'ambo ya mto Ruvuma mwaka uliopita. Kila alipoanza kusimulia jinsi mkewe Amelia alivyowavusha majirani kwa mtumbwi, kisha akarudi kuwafuata wengine asionekane tena, wasikilizaji walitazama pembeni.

Siku moja akawaambia kwamba yule mbawakawa mkubwa kama ngumi huruka. Wakacheka. Mdudu mzito namna ile?

"Kesho nitawaonyesha," alisema. Moyoni aliona wakiliamini hilo, huenda wakaliamini na lile jingine.

Alimkamata mmoja kwenye mti uliokuwa ukivuja utomvu, akampeleka kwa Inasio, rafiki aliyevuka naye katika mtumbwi ule ule, maana nyumbani kwake kuku wangemdonoa.

"Akipoa haruki," alimweleza. "Sharti aote jua, atetemeke mpaka mwili upate moto. Asubuhi mweke juani kabla hujaja."

"Niachie mimi," Inasio akasema.

Asubuhi watu walikusanyika penye mikorosho. Inasio akaleta kikapu. Bernardo alimpandisha mdudu kwenye kijiti, akakiinua juu. Mbawakawa akateleza, akaanguka mchangani kama kokwa. Kicheko kikalipuka. Bernardo alipomwokota, mdudu alikuwa amelowa, baridi tupu.

Bi Mwaisha, jirani yake, alimwonea huruma. "Kaka Bernardo, usijitese. Inasio alishatueleza tangu mlipofika. Aliyevusha watu ni yeye, na wewe msiba umekuvuruga. Hata leo alfajiri nilimwona akimtumbukiza huyo mdudu mtungini. Nilidhani anamnywesha."

Bernardo akakaa palepale juani, mdudu kiganjani. Watu walikuwa wakianza kutawanyika pale mwili ule mgumu ulipoanza kutetemeka, kwanza polepole, halafu kwa kasi hata kiganja kikamwasha. Magamba ya mgongoni yalibaki yamefungika. Mbawa laini zikachomoza ubavuni, na mbawakawa akanyanyuka akivuma kama mashine ya kusaga, akapita juu ya vichwa vyao.

Wote walimfuata kwa macho. Bernardo alikuwa akimtazama Inasio.

"Ulilala chini mtumbwini ukilia," alimwambia, "Amelia akipiga kasia. Ulikuwa ukimwita dada."

Inasio akainama kuokota kikapu chake.

Mchana ule Bernardo alikunja mkeka, akaenda Kilambo, walikokuwa wakiishi wengine waliovushwa na mkewe. Bi Mwaisha alimbembeleza abaki, akisema sasa wamemwamini. Hakugeuka.